Gorges, Mackinder au Teleki? Kuchagua bonde la kupandia Mlima Kenya

Muulize mtu aliyepanda Mlima Kenya akupe ushauri, na mara nyingi atakusimulia habari za kileleni: baridi ya alfajiri, jua likichomoza, picha kwenye bango la Point Lenana, kilele wanachofikia wasafiri wa miguu. Ni kweli, ni pazuri. Lakini Lenana ni ileile, mita 4,985, ufike kutoka mashariki au magharibi, na wengi hawamalizi hata nusu saa pale kabla upepo haujawafukuza. Siku zote zilizobaki utazimaliza bondeni. Utalala bondeni, utachota maji ya bondeni, na kama mwinuko umekukataa, utatapika bondeni. Ndiyo maana nashauri watu wachague bonde kwanza, njia na kilele vifuate.

Mabonde yanayogombewa ni matatu, na yote yalichongwa na barafu. Gorges liko mashariki, kwenye njia ya Chogoria. Mackinder liko kaskazini-magharibi, kwenye njia ya Sirimon. Teleki liko magharibi, kwenye njia ya Naro Moru. Yapo mengine, Hobley, Hinde, Hausberg, Höhnel, ila hayo ni ya watu wenye siku nyingi na mwongozaji anayeyajua vizuri, kwa hiyo hapa nayaacha.

Kuna jambo moja linalowachanganya hata wanaouza safari, heri tulimalize mapema. Mackinder's Camp haiko katika Bonde la Mackinder. Iko katika Bonde la Teleki, kwenye mita 4,200 hivi. Ukipita Bonde la Mackinder utalala Shipton's Camp, ambayo nayo iko kwenye mwinuko kama huohuo. Na Halford Mackinder mwenyewe, yule Mwingereza aliyefika kilele cha Batian mwaka 1899 pamoja na waongozaji wawili wa milima ya Alps, César Ollier na Joseph Brocherel, alikifikia kwa upande wa kusini, mbali na bonde lenye jina lake. Basi ukiona neno "Mackinder" kwenye ratiba uliyotumiwa, uliza kama ni kambi au ni bonde kabla hujalipa chochote.

Barafu ilifanya kazi gani hapa

Mlima Kenya ni volkano iliyozimika. Ilikuwa hai kati ya miaka milioni 3.1 na milioni 2.6 iliyopita, na inakadiriwa kuwa enzi zake ilipita mita 6,000. Kreta yake haipo tena. Kinachoonekana juu leo, Batian wa mita 5,199 na Nelion wa mita 5,188, ni mwamba mgumu ulioganda ndani ya koo la volkano. Sehemu kubwa ya mlima uliokuwa umelizunguka koo hilo imeliwa, na mlaji mkubwa alikuwa barafu.

Kwa maelfu ya miaka kofia ya barafu ilifunika sehemu yote ya juu, na kutoka hapo ndimi za barafu zilishuka kila upande kama miale. Barafuto, yaani ulimi huo mkubwa wa barafu, haikai imetulia. Inatembea, polepole mno, imebeba mawe tumboni na chini yake, na kila jiwe linafanya kazi ya tupa juu ya mwamba. Mto wa maji hukata chini tu, ndiyo maana huacha bonde jembamba lenye umbo la V. Barafuto hulijaza bonde zima, kwa hiyo husugua sakafu na kuta kwa wakati mmoja, na ikiondoka huacha bonde pana, sakafu imetandazwa, kuta zimesimama: umbo la U. Palipochimbika zaidi pakawa bakuli, na bakuli likajaa maji; ndivyo yalivyozaliwa mengi ya maziwa madogo utakayoyakuta juu. Vifusi vilivyobebwa vilirundikwa pembeni na mbele, vikawa matuta ambayo wanajiografia huyaita moreni.

Moreni ya chini kabisa iko kwenye mita 3,300 hivi. Iweke namba hiyo kichwani. Juu ya hapo mabonde haya ni U. Ukishuka chini zaidi, mto uleule mmoja unaingia kwenye bonde la V, lililochongwa na maji peke yake. Mabadiliko hayo unaweza kuyatembea kwa miguu yako ndani ya siku moja. Wataalamu waliochunguza vipindi vya barafu vya mlima huu waliona ushahidi umekamilika kiasi cha kuvipa vipindi hivyo majina ya hapahapa: Liki, Teleki, Naro Moru, Lake Ellis, Gorges.

Kwa anayetaka namba kabla ya maneno:

| | Gorges | Mackinder | Teleki |
|---|---|---|---|
| Mji wa kuanzia | Chogoria | Nanyuki | Naro Moru |
| Lango la hifadhi | karibu m 2,950 | karibu m 2,650 | karibu m 2,400 |
| Mahali pa kulala juu | Ziwa Michaelson, karibu m 4,000, au Hall Tarns, karibu m 4,300 | Shipton's, karibu m 4,200 | Mackinder's Camp, karibu m 4,200 |
| Mto | Nithi, kuelekea Tana | Liki, kuelekea Ewaso Nyiro | Naro Moru, kuelekea Ewaso Nyiro |

Gorges

Nitakaa hapa zaidi, kwa sababu kama unachotaka kuona ni korongo lililochongwa na barafu, hakuna linaloshindana na hili mlimani.

Safari huanzia mji wa Chogoria, Kaunti ya Tharaka-Nithi, pembeni mwa barabara ya Embu kwenda Meru. Kutoka mjini hadi lango ni barabara ya udongo inayopita mashambani kisha inaingia msituni, kwenye mianzi mirefu iliyofunga pande zote mbili. Mvua ikinyesha, barabara hiyo inaheshimiwa hata na Land Rover. Karibu na lango kuna banda za kulala, na mbele yake barabara ya gari inaishia kwenye mita 3,300 hivi. Unaona? Gari linakufikisha palepale barafu ilipokomea zamani. Hatua zako za kwanza kwa miguu ni za kuingia ndani ya kazi yake.

Kutoka hapo una njia mbili, na ni lazima uchague kabla hujaanza kutembea. Moja hupanda mgongo na kukupeleka juu ya ukingo, bonde lote likiwa chini yako. Nyingine huingia ndani ya bonde lenyewe, ikifuata Mto Nithi hadi Ziwa Michaelson, kwenye mita 4,000 hivi. Wengi hupitishwa ukingoni kwa sababu ni rahisi kwa wapagazi na mandhari yako wazi muda wote. Mimi napendelea ya chini, ingawa ni ya taabu zaidi. Ukiwa ukingoni unaona bonde. Ukiwa ndani yake unaanza kuelewa unene wa barafu iliyowahi kulala pale. Simama kando ya ziwa, inua macho hadi juu ya ukuta, kisha jaribu kuijaza nafasi yote hiyo barafu kwa mawazo yako. Shingo itakuuma kabla hujamaliza.

Sakafu ya bonde hili haipandi kwa mteremko mmoja. Inapanda kwa ngazi. Barafuto ikikutana na mwamba mgumu huuacha umesimama, ikikutana na uliopasuka huung'oa vipande vipande, na matokeo yake ni sakafu bapa, kisha kizingiti, kisha sakafu nyingine. Kwenye vizingiti maji huanguka. Maporomoko yanayojulikana zaidi ni Vivienne Falls, yenye jina la Vivienne de Watteville, mwanamke aliyekaa upande huu wa mlima mwishoni mwa miaka ya 1920. Ukilijua hili la ngazi, hutakata tamaa pale utakapodhani umefika juu na kukuta uwanda mwingine mbele yako.

Mwisho wa juu wa bonde ndio unaojaza kurasa za watalii. Hall Tarns ni vidimbwi vilivyotulia juu ya jukwaa la mwamba, na jukwaa hilo linakatika ghafla. Sogea polepole, upepo wa pale hauna adabu, na utakuta jabali linashuka kama mita 300 wima hadi Ziwa Michaelson. Panaitwa The Temple. Asubuhi mapema, kabla ya upepo kuamka, maji ya ziwa huwa meusi kabisa upande ulio chini ya jabali, na mstari wa mwanga husogea juu yake kadiri jua linavyopanda. Majani ya lobelia, mimea mikubwa ya mlimani, zilizo pembeni ya vidimbwi huwa bado yamefunga kama ngumi, na maji yaliyokaa kati ya majani hayo yana ngozi ya barafu unayoweza kuivunja kwa kidole.

Jua ndilo linalonifanya nipingane na ushauri wa kawaida. Karibu kila mtu atakuambia panda kwa Sirimon, shuka kwa Chogoria. Ushauri huo una sababu zake: Sirimon inakupa muda wa kuzoea mwinuko, na kushuka kwa Chogoria kunakuwa kama zawadi. Tatizo ni kwamba bonde la Gorges linatazama mashariki. Mwanga wake mzuri ni wa asubuhi, na mawingu hupanda kutoka mashariki hiyohiyo, mara nyingi kabla ya adhuhuri. Ukishuka kutoka Lenana, unafika Hall Tarns asubuhi ikiwa imeshakwenda, magoti yanauma, usingizi hukulala, na bonde linaweza kuwa limejaa ukungu kama maziwa kwenye kikombe. Zawadi uliyoambiwa hukuiona. Ukipanda kwa Chogoria unapata asubuhi mbili au tatu ndani ya bonde, ukiwa na nguvu zako. Gharama yake ni kwamba gari limekupandisha haraka, kwa hiyo ongeza usiku mmoja langoni au Ziwa Ellis, karibu mita 3,450, kabla ya kwenda juu. Asiye na usiku huo wa ziada afuate ushauri wa kawaida.

Mapungufu yake yapo na sitayaficha. Miteremko ya kusini-mashariki ndiyo inayopata mvua nyingi zaidi mlimani, hadi milimita 2,300 kwa mwaka, ukilinganisha na takriban 900 upande wa kaskazini. Ukiwa ndani ya korongo au Hall Tarns hakuna banda la kutegemea, ni hema. Njia ni ndefu. Na gari la kukutoa au kukufikisha langoni ni gharama ambayo watu husahau kuihesabu, kisha wanabishana nayo wakiwa wamechoka.

Kwa watu wa pwani nina neno moja la ziada. Nithi huishia kwenye Tana, na Tana huingia Bahari ya Hindi karibu na Kipini. Maji unayochota kwenye bakuli lile la barafu yako safarini kwenda kwenu.

Mackinder

Kama wewe ni mwalimu wa jiografia na unataka picha moja ya kubandika ukutani, njoo hapa. Gorges ni korongo lenye fujo, ngazi na majabali. Mackinder ni U iliyochorwa kwa mkono uliotulia.

Njia ya Sirimon hutokea barabara ya Nanyuki kwenda Meru. Upande huu uko kwenye kivuli cha mvua, na unalijua hilo bila kipimo chochote: hakuna ukanda wa mianzi, msitu ni wa mierezi na mipodo, na ardhi chini ya buti ni kavu. Usiku wa kwanza ni Old Moses, karibu mita 3,300. Siku ya pili ni ndefu. Unavuka nyika ya juu, unavuka bonde la Liki North, unapanda mgongo, na ukifika juu yake Bonde la Mackinder linafunguka lote kwa mara moja. Kushoto kuna vilele vya Terere na Sendeyo. Mbele, mwisho wa bonde, Batian na Nelion wamesimama wakikupa uso wao wa kaskazini. Sakafu ni pana, mto unajipinda katikati yake bila haraka, na kuta zinapanda kila upande kwa mkunjo uleule. Hakuna anayehitaji kuelezwa kwamba mto mdogo kama ule haukuchimba bonde kubwa kama lile.

Baada ya hapo unashuka ndani na kufuata sakafu hadi Shipton's, chini kabisa ya majabali. Kutembea sakafuni ni kwa raha, na hiyo ndiyo sifa kubwa ya Mackinder kwa mtu anayepanda mara ya kwanza. Mwinuko unaongezeka kwa kiasi, kuna kambi za kulala zenye kuta na paa, na siku ya kupumzika Shipton's unaweza kuitumia kupanda kidogo na kurudi, mwili ukizoea.

Amka kabla ya jua ukae nje dakika kumi. Usiku joto hushuka chini ya sifuri na mchana jua la ikweta huunguza. Hilo hutokea takriban kila siku ya mwaka. Ardhi ya unyevunyevu kando ya kambi huota sindano za barafu, nyembamba, zimesimama wima, na kila kundi la sindano limeinua kokoto zake juu kama sentimita moja au mbili. Ukikanyaga, inalia kama unakanyaga glasi. Saa tatu asubuhi zimeyeyuka na kokoto zimeanguka, ila hazikuanguka palepale. Zimesogea kidogo kuelekea chini ya mteremko. Barafu kubwa imeondoka kwenye bonde hili, hii ndogo bado inalihamisha kokoto kwa kokoto.

Kinachokera ni mwisho wake. Kutoka Shipton's hadi Lenana ni zaidi ya mita 700 za kupanda, usiku, kwenye changarawe inayoteleza: hatua mbili mbele, nusu nyuma. Watu huondoka saa nane au tisa usiku. Changarawe hiyo nayo ni mwamba uliopasuliwa na maji yanayoganda na kuyeyuka ndani ya nyufa, ingawa saa kumi alfajiri hakuna anayependa kuambiwa hivyo. Pia ni njia yenye watu. Msimu wa Julai hadi Septemba, na Januari na Februari, usitarajie kuwa na bonde peke yako.

Teleki

Bonde hili lina jina la Sámuel Teleki, kabaila wa Hungaria aliyepanda mlima huu mwaka 1887 na kufika karibu mita 4,350. Lobelia ile yenye manyoya marefu kama mkia, *Lobelia telekii*, nayo imechukua jina lake.

Kwa umbo, Teleki linashindwa na wenzake wote wawili. Ni pana na wazi, halina jabali la kukukatisha pumzi kama The Temple wala ule mkunjo safi wa Mackinder. Njia ya kulifikia haina marafiki: kutoka kambi ya Met Station, mita 3,050, unapanda kwenye kinamasi cha mteremko ambacho kila mwongozaji anakiita Vertical Bog, na ndivyo kilivyo, matope yanayoelekea juu. Masika au vuli, buti litabaki humo na mguu utoke.

Ila Teleki lina kitu ambacho Gorges halina. Juu yake barafu bado ipo.

Lewis, iliyo chini ya Lenana karibu na Austrian Hut kwenye mita 4,790, ni miongoni mwa barafuto za tropiki zilizochunguzwa kwa muda mrefu zaidi duniani. Mwishoni mwa karne ya 19 mlima huu ulihesabiwa kuwa na barafuto 18. Zilizobaki ni chache na ni vipande. Kati ya mwaka 1934 na 2010 Lewis ilipoteza takriban asilimia 90 ya ujazo wake, na baadaye ikakatika sehemu mbili. Shirika la Hali ya Hewa Duniani limeonya kwamba Mlima Kenya huenda ukawa miongoni mwa milima ya kwanza kabisa kupoteza barafu yake yote kwa sababu ya mabadiliko ya tabianchi yanayosababishwa na binadamu. Kwa maneno mengine, Gorges na Mackinder vitakusubiri. Hiki hakitakusubiri.

Na hapo chini ya Lewis na Tyndall, barafuto nyingine, ndipo utakapoona somo lote likiwa bichi. Moreni za Mackinder zimeota nyasi na lobelia, ni vilima tu kwa asiyejua. Hapa matuta ni mawe matupu, makali, yamepangwa hatua kwa hatua kuonyesha barafu ilikosimama, ikarudi nyuma, ikasimama tena. Kati yake kuna vidimbwi vipya ambavyo mababu zetu hawakuviona kwa sababu mahali pake palikuwa pamefunikwa. Tafuta bapa la mwamba lililofunuliwa karibuni, vua glovu, pitisha kiganja. Utasikia ulaini wa kitu kilichopigwa msasa, halafu ndani ya ulaini huo mifereji myembamba yote ikielekea upande mmoja, chini ya bonde. Kila mfereji ni jiwe moja lililoburutwa. Kwa mtu anayetaka kuelewa mabonde haya yalivyotokea, dakika tano pale zinazidi vitabu vingi vya kidato cha pili.

Watu wengi huamini barafu hizi ndizo zinazojaza mito inayonywesha Laikipia na Nyeri, na zikiisha mito itakauka. Mchango wake kwenye maji ni mdogo. Maji mengi ya mito hii yanatoka kwenye mvua na msitu. Msitu ukiharibiwa ndipo tutakapolia.

Onyo kuhusu Naro Moru ni moja na ni zito. Ndiyo njia ya haraka kuliko zote, na haraka hiyo ndiyo hatari yake. Ratiba za siku tatu zinakulaza usiku wa kwanza mita 3,050 na wa pili mita 4,200, halafu usiku huohuo unaamshwa kwenda karibu 5,000. Mwili wa mtu wa Mombasa au Dar es Salaam hauna muda wa kuelewa kinachoendelea. Kichwa kikiuma na kutapika kukaanza, dawa ni kushuka, si kunywa chai na kuendelea. Omba usiku wa pili Mackinder's Camp, hata kama mwongozaji atasema "wengi huwa sawa".

Wanaotoka upande wa Kilimanjaro

Wasomaji wa Moshi na Arusha watasema tunalo Barranco, tufuate nini Kenya? Barranco ni bonde la haki, na barafu ililipitia. Lakini mwanzo wake unahusishwa na maporomoko makubwa ya ardhi yaliyobomoa upande wa mlima, barafu ikaja kumalizia. Kwa bonde ambalo barafu ndiyo mchongaji mkuu, Mlima Kenya una mengi zaidi, kwa sababu ni mzee na umeliwa muda mrefu zaidi. Kilimanjaro bado lina umbo la volkano. Huu wa Kenya umebaki mifupa, na mabonde ndiyo nafasi kati ya mbavu.

Basi uchague lipi

Ukiwa na siku nne na hujawahi kupita mita 4,000, nenda Mackinder, panda na kushuka kwa Sirimon. Hutajuta, na uwezekano wa kufika Lenana ukiwa mzima ni mzuri.

Ukiwa na siku tano au sita na unataka mabonde kuliko kilele, panda Gorges kwa njia ya chini, lala Ziwa Michaelson, kisha lala Hall Tarns, vuka kwenda Lenana, shuka kwa Mackinder na utokee Nanyuki. Hapo umepata korongo na U kwa safari moja. Mvua za Machi hadi Juni na za Oktoba hadi Desemba usizichezee upande wa Chogoria; miezi hiyo bora ubaki Sirimon.

Aliyekwishapanda mlima huu na akaona mabonde ya mashariki na kaskazini, Teleki ndilo lililobaki, na asiliahirishe mno. Kuna namna ya kulipata bila kinamasi: panda kwa Sirimon, vuka juu kwenye Lenana, pitia Austrian Hut uione Lewis mchana ukiwa macho, kisha shuka Teleki. Matope ya kushukia ni matope bado, ila unayapitia ukiwa umeshapata ulichokifuata.

Yote haya yanategemea mambo mawili ya langoni. Shirika la Wanyamapori la Kenya halimruhusu mtu kuingia peke yake, kwa hiyo panga mwongozaji mapema, na muulize waziwazi kama amewahi kupita njia ya chini ya Gorges. Wapo walioijua ya ukingoni tu. Malipo ya kuingia hufanywa kwa mtandao kupitia eCitizen, tovuti ya huduma za serikali ya Kenya, pesa taslimu hazipokelewi, na karibu na lango la Chogoria mtandao wa simu una siku zake. Lipa ukiwa bado mjini.